Madini yanayokunywa mwanga: nimekwama sura ya 14, naomba msaada wa wachimbaji, wahunzi na wavuvi wa Kanda ya Ziwa

Mwana wa Mabatini

Wakuu, habari za jioni.

Huu ni mwaka wa pili naandika hadithi ndefu ya kubuni na kuituma sura moja moja kwa kundi dogo la wasomaji. Nchi ya hadithi haipo kwenye ramani yoyote. Ina ziwa liitwalo Nyamberi, visiwa vitatu na wafalme wawili wasiosalimiana. Ila mimi ni mzaliwa wa Mabatini hapa Mwanza, na kila nikifumba macho ili niione Nyamberi, naona mawe yaliyobebana, nyumba zilizong'ang'ania mlimani na maji ya Kirumba yanayobadilika rangi jua likizama. Nchi ni ya kubuni lakini udongo wake naujua.

Kiini cha hadithi ni madini yanaitwa irunzi. Ni meusi ya kijivu, mazito kuliko ukubwa wake, na hupatikana kwenye mapango ya kisiwa cha Zuku. Sifa yake ni moja: inakunywa mwanga. Ukiiweka karibu na taa, mwali unafifia ingawa joto linabaki palepale. Ukiianika juani, inalinywa jua. Mwanga huo unakaa ndani mpaka siku utakapoitumbukiza majini, hapo unatoka. Kipande kama kokwa ya embe kilichoshiba kinaweza kupofusha jeshi zima, kwa hiyo kila mfalme anakitaka.

Sasa tatizo. Sura ya 14 shujaa wangu anaingia pangoni, anaikuta irunzi, sura ya 15 ana upanga. Msomaji mmoja, mama anayeuza samaki pale Mwaloni, akaniandikia mistari mitatu ambayo imenikosesha usingizi: "Nani alichimba? Nani aliyeyusha? Alilipwa nani?" Sikuwa na jibu. Nikigundua kwamba sina jibu, nikaona hadithi yote imesimama hewani.

Naomba wenye ujuzi wa kweli wa madini, chuma na ziwa mnisaidie. Sitaki kuandika uongo, hata kama ni hadithi ya kubuni.

Mpiga Kasia

Naweka kambi hapa. Hizi ndizo nyuzi tunazozitafuta.

Mzee wa Nyarugusu

Kijana, nimeusoma uzi wako mara mbili. Nimechimba dhahabu upande wa Geita tangu nikiwa na miaka kumi na tisa, sasa nina wajukuu. Nitakwambia ninachokijua.

Kwanza, pango lililo wazi lenye mali ndani halikai wiki moja. Madini hayana siri. Mtu mmoja akiokota kipande shambani kwake, jioni jirani anajua, kesho kijiji kinajua, keshokutwa yanashuka malori ya watu kutoka Kahama na Singida. Tunaiita rashi. Na rashi haiji na wachimbaji peke yao. Anakuja mama lishe, anakuja muuza maji, fundi viatu, mwenye kukodisha turubai, mganga na mhubiri. Mimi nimeshuhudia pori linageuka mji ndani ya mwezi, na baada ya miezi minne limerudi kuwa pori, yamebaki mashimo na soli za kandambili. Kwa hiyo kwenye Zuku yako, wako wapi akina mama lishe?

Pili, shimo. Sisi tunaita duara. Duara haliingiwi kwa upanga na ushujaa. Linawekwa matimba, yaani magogo ya kuzuia kuta zisimwangukie mtu, na matimba yana gharama, misitu inakatwa. Kuna anayeshuka, kuna anayevuta kamba, kuna anayebeba viroba vya mawe. Mzigo ukitoka unagawanywa kwa viroba kabla hata hamjajua kama una kitu: mwenye leseni ana fungu lake, mwenye shamba ana fungu lake, mwenye duara aliyewalisha na kulipia mafuta ana lake, kinachobaki ndicho cha walioshuka. Unaweza kupokea viroba vitatu, ukavipeleka karasha vikasagwa, ukaosha, ukapata sifuri. Na unadaiwa chakula.

Tatu, na hili naomba ulifikirie. Mahali tunapooshea dhahabu tunapaita mwalo. Wavuvi nao mahali wanaposhushia samaki wanapaita mwalo. Neno lilelile. Nilipokuwa kijana nilidhani ni bahati tu, lakini kadiri ninavyozeeka naona ni kazi ileile: unasimama ukingoni mwa maji, unangoja kuona kama leo kuna kitu.

Mwana wa Mabatini

Shikamoo mzee wangu. Hilo la mwalo limenipiga kifuani. Nimeishi hapa maisha yangu yote, maneno hayo mawili nayatamka kila wiki na sikuwahi kuyaweka pamoja.

Pango nalifuta. Irunzi itakuwa ndani ya mwamba, na itakuwa na mwenye shamba, mwenye duara na walioshuka. Swali langu linalofuata: ikishatoka, inayeyushwaje? Dhahabu najua inayeyuka kwenye nyuzi joto 1,064. Chuma je, mtu wa zamani asiye na umeme aliyeyushaje?

Mjukuu wa Kaiija

Mkuu, nipo Bukoba, nafundisha historia sekondari. Hapa umegusa jambo ninalolipenda.

Kwanza sahihisho dogo lenye faida kubwa kwako. Wahunzi wa kale wa huku hawakuyeyusha chuma. Chuma huyeyuka kwenye nyuzi joto 1,538, na tanuru la udongo halikujengwa kwa ajili ya kukimwaga kama maji. Kilichoyeyuka ni uchafu wa mawe, ule tunaouita mavi ya chuma, ukatiririka ukaacha bonge zito lenye matundu kama sifongo. Bonge hilo ndilo lilipigwa nyundo tena na tena mpaka likawa jembe. Kwa hiyo irunzi yako isitoke tanuruni iking'aa kama kwenye sinema. Itoke mbaya, yenye kinyesi chake, na mtu aipige siku tatu.

Kijiji cha Katuruka, si mbali na hapa, kulichimbuliwa mabaki ya uhunzi yenye umri wa miaka takribani 2,000 na zaidi. Mtafiti Peter Schmidt alikaa na wazee wa Kihaya, na katikati ya miaka ya 1970 wazee hao walijenga tena matanuru ambayo hawakuwa wameyawasha kwa miongo kadhaa, kwa sababu chuma cha bei rahisi kutoka Ulaya kilikuwa kimeua kazi. Walifanya kwa kumbukumbu. Waliweka udongo wa kichuguu, wakachoma nyasi za kinamasi chini ya shimo, wakaingiza mifereji ya udongo mpaka ndani kabisa ya tanuru ili hewa ya mivukuto ipate moto kwanza kabla ya kukutana na makaa. Schmidt na mwenzake Donald Avery walichapisha matokeo mwaka 1978, na wataalamu wa madini wakabaki kushangaa joto lililofikiwa na chuma chenye kaboni kilichotoka.

Nyasi za kinamasi, mkuu. Sikia hiyo. Mmea wa majini uliwekwa kwenye tumbo la tanuru na chuma kikazaliwa juu yake. Nasema tumbo kwa makusudi, kwa kuwa kwa wahunzi wengi wa nchi za maziwa tanuru lilikuwa mwanamke mwenye mimba. Mhunzi alikaa mbali na mkewe siku zote za kazi, kwa sababu tayari alikuwa ameoa tanuru. Warongo, wahunzi wa upande wa Geita na Biharamulo, nao walikuwa na miiko ya namna hiyo, na majembe ya Uzinza yalivuka mpaka Usukuma yakawa mahari. Mtu alioa kwa majembe. Fikiria thamani hiyo unapoandika irunzi: huenda isiwe silaha kwanza. Huenda ikawa mahari kwanza.

Fundi Igoma

Mimi ni mhunzi. Nafua visu, majembe na vifaa vya bomba kwa springi za magari makubwa, banda langu liko Igoma. Kuandika si kazi yangu lakini kuna kitu nimekiona humu hakuna aliyekisema.

Mhunzi anasoma moto kwa macho. Banda letu tunaliziba liwe na giza makusudi, siyo umaskini wa madirisha. Ukifanya kazi juani huwezi kujua chuma kimefika wapi. Chuma kikianza kuwa chekundu kilichokolea, bado. Kikiwa rangi ya chungwa, piga. Kikienda njano, harakisha. Kikiwa cheupe na kinarusha cheche, umeshakiunguza, tupa. Na baada ya kukizima kwenye maji unakisugua, unakipasha taratibu, unaona rangi zinapita juu yake: manjano ya majani makavu, kisha zambarau, kisha bluu. Kisu nakikatisha kwenye manjano. Springi naiacha ifike bluu. Ukikosea rangi moja kisu kinavunjika mkononi mwa mtu.

Sasa wewe unasema irunzi inakunywa mwanga na kuacha joto. Maana yake mhunzi wa irunzi haoni rangi. Moto uko pale unaunguza, lakini haumwonyeshi kitu. Huyo mtu anafuaje?

Mwana wa Mabatini

Fundi, nimesoma ujumbe wako nimesimama, nikatembea nyumba nzima. Miaka miwili naandika juu ya madini haya na sikuwahi kujiuliza swali hilo.

Fundi Igoma

Mimi nimeliwaza mchana kutwa nikiwa kazini. Nilifumba macho nikampa kijana wangu nyundo. Nikagundua naweza kusikia. Chuma cha moto kina sauti nzito, kikipoa kinaanza kulia kama kengele. Makaa nayo yanaongea, upepo wa mivukuto ukipungua unasikia. Harufu ipo. Ngozi ya uso inajua joto. Inawezekana, ila itachukua maisha ya mtu kujifunza.

Msomaji wa Usiku

Wakuu, heshima kwenu wote, ila mimi naomba nitofautiane. Mimi nasoma hadithi za kubuni baada ya kutwa nzima ya kuhesabu pesa za watu dirishani. Nikifungua sura nataka niondoke hapa. Viroba, madeni, leseni, hayo ninayo tayari. Mwana wa Mabatini, ukiyajaza humo utaikata hadithi mabawa. Acha irunzi iwe ajabu. Mtoto akiuliza kwa nini inang'aa, si lazima ajibiwe kwa risiti.

Mjukuu wa Kaiija

Nakuelewa ndugu yangu, na hoja yako ina uzito. Lakini nikusimulie kitu cha hapohapo Katuruka. Simulizi za Wahaya zinasema mfalme Rugomora Mahe aliwakusanya wahunzi wake wamjengee mnara wa chuma ufike mbinguni, aone kulivyo. Wakafua, wakapandisha, mnara ukaanguka. Na mti mtakatifu uliokuwa pale, Kaiija, jina lake linahusishwa na mahali pa kufulia chuma. Wachimbuzi walipochimba karibu na mti huo walikuta mabaki ya uhunzi wa kale kweli.

Mimi ajabu naiona hapo. Masimulizi yalisema "hapa kulifuliwa chuma," na ardhi ikasema ndiyo. Wahunzi, makaa na mfalme mwenye tamaa vyote vimo, na bado nikisimama pale nywele zinasimama.

Msomaji wa Usiku

Sawa. Hiyo ya mnara nimeipenda sana. Sijabadilisha msimamo wote, lakini nitasoma.

Binti Nansio

Habari zenu kaka zangu na baba zangu. Nimekuwa nasoma kimya kimya tangu jana. Nimekulia Ukerewe, mama yangu alikuwa na mtumbwi wa dagaa, naye alituvusha shule kwa dagaa. Nina neno moja kuhusu gharama.

Kwenye sura za nyuma, nimezisoma zote, umeandika kwamba anayetumia irunzi anazeeka haraka. Kila akitoa mwanga anapoteza siku za maisha yake. Kaka yangu, hilo nimelikuta kwenye hadithi nyingi na sijawahi kuliamini. Kwetu sikuona gharama ya mali ikimkuta anayeifaidi. Inamkuta jirani.

Ngoja nieleze dagaa. Dagaa huvuliwa usiku wa giza, mwezi ukiwa haupo. Wavuvi wanawasha taa, zamani karabai za mafuta, sasa balbu za betri, wanaziacha zielee, dagaa wanaifuata nuru wanajikusanya chini yake, ndipo wavu unazungushwa. Mbalamwezi ikiwa kubwa hakuna kazi, watu wanashona nyavu na kulala. Kipato chote cha kambi kimefungwa kwenye taa hizo. Ukisimama ufukweni usiku wa giza ukaangalia ziwa, unaona mji mzima umewashwa juu ya maji. Nikiwa mdogo nilidhani ni Mwanza.

Sasa mtu mmoja kijijini awe na kipande cha irunzi ndani ya nyumba yake. Taa za wenzake majini zinafifia kidogo. Dagaa hawaji. Hakuna anayejua kwa nini. Wanasema ni maji, ni mwezi, ni mkosi. Yeye asubuhi ana nuru ya kumuuzia mfalme.

Ila kwa hilo lazima ubadilishe kanuni moja. Ulisema irunzi inalinywa jua. Jua ni la wote, halipungui, kwa hiyo hakuna anayeibiwa. Ifanye inywe mwanga wa moto peke yake. Mwanga ambao kuna mtu ameuwasha, amenunua mafuta yake.

Mzee wa Nyarugusu

Binti, Mungu akubariki. Hilo ndilo.

Mwana wa Mabatini

Nimeshindwa kujibu kwa siku mbili. Sasa nitasema kitu ambacho sikupanga kukisema humu.

Kaka yangu mkubwa alifanya kazi ya kuchenjua dhahabu kwa miaka kumi na moja. Kazi yake ilikuwa kuchanganya mchanga uliosagwa na zebaki, kuikamua kwenye kitambaa, halafu lile donge analiweka kwenye kikaango juu ya jiko la mkaa mpaka zebaki iondoke kwa moshi na dhahabu ibaki. Zebaki huchemka kwenye nyuzi joto 357, jiko la kawaida linatosha. Moshi wake hauonekani vizuri na haunuki. Alichomea nje, siku za mvua alichomea ndani. Alikuwa anatuletea sukari na daftari.

Leo mikono yake inatetemeka. Hawezi kufunga vifungo vya shati. Chai anainywa kwa mrija. Dhahabu yote aliyoichoma ikiwekwa pamoja labda ingejaa viganja viwili, na sijui iko wapi, iko shingoni au kidoleni mwa watu ambao hawajui kwamba yupo. Waliofaidika mikono yao imetulia.

Mimi miaka miwili nimeandika kwamba gharama inamrudia mwenye upanga. Nadhani nilitaka iwe hivyo. Dada Nansio, umenirudisha kwenye ukweli ambao uko nyumbani kwangu, unakaa kwenye kiti cha plastiki barazani, na mimi nilikuwa namwandikia dunia nyingine bila kumwangalia.

Sifa ya irunzi nimeibadilisha usiku huu. Inakunywa mwanga wa moto tu.

Mzee wa Nyarugusu

Pole sana mwanangu. Mpe kaka yako salamu zangu, mwambie ni za mtu wa mwaloni. Sisi tulioanza zamani hakuna aliyetuambia. Siku hizi kuna mitungi ya kufunika donge ili moshi urudi kuwa zebaki, na wengine wamehamia njia nyingine kabisa za kuchenjua, lakini bado naona vijana wanachomea kwenye kikaango. Kama hadithi yako itamfikia hata mmoja wao, iandike.

Kivuli cha Mwembe

Wakuu, naingia nikiwa na ombi.

Mimi ni mtu mwenye ualbino, naishi mkoa huuhuu. Nilipoona "madini" na "mganga" kwenye uzi mmoja moyo uliruka. Mnajua kwa nini. Kuanzia mwaka 2007 Kanda yetu ya Ziwa ilitikiswa na mauaji ya watu kama mimi, na sehemu ya uongo ulioyabeba ulikuwa huo: kwamba kiungo cha mwenye ualbino kinavuta dhahabu shimoni, kinavuta samaki wavuni. Nilikuwa mtoto. Nililala chumba cha ndani kisicho na dirisha kwa muda mrefu. Hadithi ya madini yanayotaka kafara ya mtu, huku kwetu haikuishia kuwa hadithi.

Kwa hiyo naomba, Mwana wa Mabatini, irunzi isitake damu. Sura ya 9 kuna mganga anayesema "mwamba una njaa." Naomba umwondoe, au aonekane wazi kuwa ni mwongo na muuaji.

Baada ya kusema hayo, niseme na la pili. Mimi mwanga mkali unaniumiza. Jua la saa saba linanifunga macho, taa nyeupe za ofisini zinanichosha, na kuona mbali sioni vizuri. Niliposoma swali la fundi, nani atafua madini yanayofifisha moto, nilicheka peke yangu kwa furaha. Banda la namna hiyo mimi ningekaa kutwa. Kwa mtu kama mimi tanuru la kawaida ni mateso, lakini penye irunzi moto ungekuwa mpole. Na sisi tumezoea kutambua watu kwa sauti na mwendo kabla ya sura.

Fundi Igoma

Ndugu yangu, njoo Igoma nikufundishe. Nasema kweli. Tutaziba mwanya wa paa.

Mwana wa Mabatini

Ndugu Kivuli, asante kwa kuingia na asante kwa kusema. Mganga wa sura ya 9 nimemfuta kabisa. Niliandika mstari ule kwa sababu ulikuwa unasikika vizuri, sikufikiri nani anausoma. Naomba radhi.

Na mhunzi wangu nimempata. Anaitwa Sumbi, ni mwanamke, ana ualbino. Hakuna anayemwinda katika nchi hii. Ndiye pekee kisiwani Zuku anayeweza kukaa mbele ya tanuru la irunzi bila kupotea, na wafalme wote wawili wanalijua hilo.

Nimekaa leo alfajiri na kuandika mwanzo mpya wa sura ya 14. Shujaa wa pangoni hayumo, atakuja baadaye. Naweka kipande hapa, nyinyi ndio wenye nacho:

*Usiku wa tatu wa giza, Sumbi alisikia tanuru likibadilisha sauti. Mivukuto ilikuwa bado inakwenda, wavulana wanne wakipokezana, lakini chini ya pumzi yao kulikuwa na mlio mwembamba kama wa mbu aliye mbali. Aliinua mkono. "Imeanza kunywa," alisema.*

*Ndani ya banda moto ulikuwa umebaki rangi ya majivu. Joto lilimpiga usoni kama zamani. Alijua lilipo bonge kwa namna shavu lake la kushoto lilivyokuwa likiungua kuliko la kulia.*

*Nje, mteremko mzima chini yake, mitumbwi ilikuwa imetandaza taa juu ya Nyamberi. Hakuhitaji kuziona. Kila usiku wa giza alizihesabu kwa sauti za watu: yule anayeimba, yule anayekohoa, mjane wa Tembwe anayeongea na taa yake kana kwamba ni mtoto. Sasa aliisikia sauti ya mjane ikipanda.*

*"Waka," mjane alikuwa akisema. "Waka basi. Nimekujaza mafuta jioni hii hii. Waka."*

*Sumbi aliishika nyundo na hakupiga. Wavulana walingoja. Mlio wa mbu ulikuwa unazidi kuwa mnene, na kule majini mjane alizungusha kokoro lake kwenye giza, akivuta.*

Msomaji wa Usiku

Nimekisoma mara tatu. Dirishani kwangu leo nilimwangalia kila aliyekuja kuchukua pesa. Tuma sura nzima.

Kivuli cha Mwembe

Shavu la kushoto. Ndivyo hasa ilivyo. Asante.

Binti Nansio

Kaka, nimelia kidogo, mama yangu naye alikuwa anaongea na karabai yake. Lakini nirekebishe sehemu moja kabla hujatuma. Dagaa wa taa hawavuliwi kwa kokoro. Kokoro linavutwa kutoka nchi kavu na linazoa mpaka vifaranga, huku kwetu limepigwa marufuku. Mjane angetumia wavu wa dagaa, na asingekuwa peke yake: mmoja anashika kasia, wawili wanavuta, mmoja anaangalia taa. Mpe watu wake.

Mwana wa Mabatini

Nimerekebisha. Sasa wako wanne mtumbwini, na anayeangalia taa ni binti yake.